Ukurasa wa Arobaini na Moja

Tulikosa muhuri. Ndivyo barua ilivyosema:
ukurasa wa arobaini na moja hauna muhuri,
kwa hiyo zabuni yenu ya madawati mia nne
haikukidhi vigezo. Tunawatakia kila la heri.

Mimi ndiye niliyepiga mihuri, mimi Kalunde, katibu wa kikundi,
kurasa themanini na sita, wino wa kuazima
kwa muuza mbolea wa Kiloleni.
Usiku ule umeme ulikatika mara mbili.
Labda kurasa zilishikana. Labda kweli niliruka.

Lakini bei yetu ilikuwa chini ya zote,
na mbao zetu mninga wa Sikonge, kibali mkononi,
mzee Kasoga kazianika kivulini miezi minne
(mninga ukiuharakisha hukulipiza kwa kupinda).
Waliopewa ni kampuni ya juzi,
ofisi yao namba ya simu,
dawati lao maranda yaliyoshikwa na gundi.

Msonga akasema tuache, serikali haishtakiwi.
Kasoga akapuliza vumbi kwenye randa:
"Haki haina miguu. Hubebwa."
Tukauza ile randa. Na mizinga sita ya mama yangu.

Mahakama Kuu, hapa hapa Tabora,
nikajifunza Kiswahili kingine.
Sisi tukawa mleta maombi. Wao mjibu maombi
wa kwanza, wa pili, na wa tatu.
Leo pingamizi la awali.
Mwezi ujao jaji yuko semina.
Kisha jalada limeonekana, ila hati ya kiapo haimo.

Siku jaji alipotoa zuio,
mkataba usimame hadi shauri lisikilizwe,
tulikumbatiana kwenye ngazi kama wehu.
Kumbe mkataba ukisimama, watoto hukaa.
Hukaa chini.

Mihula miwili mwanangu aliandikia gotini,
mwandiko ukalala kama mpunga uliopigwa na mvua.
Mwalimu mkuu alinikuta sokoni, salamu hakunipa.
"Kesi yako ina watoto mia tisa," alisema,
akaendelea kuchagua nyanya.

Tulishinda.
Nakala ya hukumu ninayo, kurasa ishirini na mbili,
kila ukurasa una muhuri; nimehesabu.
Sharti lisiloandikwa kwenye kabrasha, kasema jaji,
haliwezi kumwangusha mtu.
Uamuzi umetenguliwa. Zabuni itathminiwe upya.
Upya.
Na mninga umepanda bei,
na Kasoga akikohoa, mkewe huzima redio asikilize.

Jana nilikwenda halmashauri kudai sampuli,
dawati letu la kwanza, tulilolipeleka na toroli.
Lilikuwa ofisi ya manunuzi, chini ya dirisha,
chupa ya chai juu yake,
duara za vikombe kwenye vanishi.
"Hilo liacheni," karani alisema, "hilo ndilo imara.
Rasimu za barua zote tunaandikia hapo."
Zote?
"Zote, mama."

Nilisogeza chupa. Nikapapasa ubao.
Kidole kikakuta makovu ya kalamu,
herufi zilizozama, moja juu ya nyingine,
na katikati, ukiinamia mwanga: *haikuki*

Nikalishika pembe mbili, nikalitikisa kwa hasira zangu zote.
Hata kiungo kimoja hakikulia.