Kwa Aliyekata Kebo Buguruni

Hapakuwa na shaba, ndugu yangu.
Ningekuwepo saa nane ile ya usiku
ningekuambia kabla hujauchosha msumeno:
humo hamna hata robo kilo ya kupeleka mizani.

Umeacha kandambili moja, ya kushoto,
mkanda wake umefungwa kwa waya.
Shimo limejaa maji ya mvua hadi magotini.
Mkude anayachota kwa kidumu kilichokatwa mdomo,
nami nimekalia ndoo ya rangi iliyopinduliwa.
Acha nikueleze ulichokikata,
kama anavyoelezwa aliyechinja ng'ombe wa mwenziwe:
hii ngozi, hii nyama, hii ndiyo mimba.

Nje, plastiki nyeusi, nene.
Chini yake bati la chuma lenye mikunjo,
limewekwa kwa ajili ya panya.
La panya. Wewe walikusahau kwenye mchoro.
Halafu nyuzi za njano, laini kama ndevu za hindi,
ngumu kuliko kamba ya kuvutia gari bovu.
Hizo zilikukatalia; naona ulivyozitafuna.

Katikati ufito mmoja, na vijibomba sita vimeuzunguka,
vinakwenda kulia, vinageuka, vinarudi kushoto.
Kabla ya kazi hii nilisuka nywele Mwananyamala, miaka tisa,
twende kilioni mpaka vidole vikafa ganzi.
Naujua msuko. Usipouachia nafasi unauma,
na kebo isiyoachiwa nafasi hukatika
siku ya kwanza tu ya kuvutwa.

Ndani ya kijibomba kuna ute, ndugu wa utomvu wa fenesi:
ukikushika, hata mafuta ya taa yanabembeleza.
Na ndani ya ute nyuzi kumi na mbili,
kila mmoja na nguo yake:
bluu, chungwa, kijani, kahawia,
kijivu, nyeupe, nyekundu, nyeusi,
njano, zambarau, waridi, feruzi.
Nilizikariri kama mtoto wa chuoni na juzuu yake.
Siku hizi hupita zenyewe nikifumba macho.

Ukiuvua nguo unabaki na kioo.
Mchanga, uliosafishwa mpaka ukasahau kuwa mchanga,
ukavutwa ukawa unywele.
Na ndani ya unywele, kiini chembamba zaidi,
kioo ndani ya kioo, kimetiwa dawa kidogo tu
ili mwanga ukijaribu kutokea ubavuni
urudishwe njiani, ukimbie.
Mwanga hauna kilo.
Nadhani mwenye mizani alikucheka,
au alikupa mia tano kwa lile bati la panya.

Nyuzi sabini na mbili. Nimeunga arobaini na moja.
Namenya, nafuta kwa spiriti, nakata ncha iwe bapa,
mashine inazikutanisha, cheche,
kisha inaniandikia hasara: sifuri nukta sifuri mbili.
Ule wa kijivu, bomba la tatu, sijui ulikuwa umebeba nini.
Bi Tabu wa duka la dawa amekuja mara tatu:
pesa ya mgonjwa imetumwa, mashine yake haisemi.
Nimemwambia saa tisa. Saa tisa imepita.

Lakini si hilo linalonifanya niseme nawe.
Vipande vyangu naviweka kwenye chupa yenye kifuniko,
navihesabu. Vyako viko wapi?
Kioo hiki kikiingia kidoleni hakitoi damu,
wala daktari akipiga picha hakioni.
Utadhani umeguswa na upupu.
Usijikune. Usile kwa mkono huo.
Kama una mtoto, usimbebe leo.
Tafuta selotepu, bandika, bandua,
chini ya taa kali, polepole,
na macho usiyafikiche, tafadhali,
hata yakikulilia.

Kandambili nimeiweka juu ya mfuniko wa shimo.
Mkude anasema tuitupe.
Nimemwambia ashike tochi.