Bei ya Kivuli kwa Mita

Teodori Kishimba aliandika filamu kumi na saba.
Tatu zilipigwa. Moja ikaungua pamoja na nyumba ya padri.
Zote nilizichapa mimi, barazani pa duka la betri,
mtaa wa Kenya (Kenya yetu ya Lubumbashi, si nchi ya watu),
kwa mashine isiyo na herufi ya zeta.

Mzimu ukatoka "m imu."
Nikataka kuujaza kwa kalamu. Akanishika mkono:
Acha, mama. Mzimu usio na tundu utapitia wapi?

Alisomea Praga miaka minne.
Alirudi na koti moja zito
na matusi ya Kicheki, ambayo aliuwekea umeme tu.
Huko, alisema, walimfundisha jambo moja:
ukitaka kiti kiruke, kwanza onyesha
kinavyolalamika mtu mnene akikikalia.

Basi akaandika bomba la kiwanda, lile refu,
likishuka usiku kwa miguu ya matofali
kuutafuta moshi wake uliohamia Kolwezi.
Akaandika treni iliyochelewa siku tatu
ilhali abiria wake wameshafika, wameshakula bukari,
wanarudi stesheni kuipokea kwa maua.
Akaandika mchimbaji aliyeota meno ya shaba,
na wakwe wakayahesabu kabla ya kumpa binti.

Wenye pesa walikuja na miwani na maswali.
Funzo liko wapi?
Na bomba kutembea, litagharimu kiasi gani?
Makopo ya maziwa arobaini, akawajibu,
na mdogo wangu Kazadi ndani yake.
Wakacheka. Yeye hakuwa anatania.
Nililiona mwenyewe likipita mbele ya kamera,
likipiga chafya.

Usiku wa kuonyesha, ukumbi wa parokia, Katuba,
umeme ukakatika dakika ya kumi na moja.
Hakutoka mtu. Shuka, giza, watu mia mbili,
na sauti ya mama mmoja nyuma: Sasa limefika mtoni.
Mwingine: Hapana, linauliza njia.
Teodori alichuchumaa ukutani, anaandika bila kuona.
Asubuhi akaniletea karatasi, mistari imepandana
kama mizigo juu ya lori.
Nikaichapa hivyohivyo, mmoja juu ya mwingine.

Alikufa na deni langu, kurasa mia na sita.
Hapana, niseme kweli: nusu alilipa.
Katika ile ya kumi na saba alinitia mimi,
mwanamke wa barazani anayeuza kivuli kwa mita,
anakipima kwa mkono,
na mteja wa kila siku humwongezea matabishi.
Haikupigwa. Ilisomwa tu msibani,
vijana wamekalia makreti.

Tangu hapo, jua likiwa kali,
kuna watu wanaopitia hapa makusudi.
Jana alikuja mtoto wa muuza mkate, noti imekunjwa kiganjani,
hacheki hata kidogo: Nusu mita bei gani?
Nikasimama. Nikampimia.
Nikamwambia njiani asikikunje, kitavunjika.