Abiria wa Siti ya Nyuma

Oda ilisema: Smeaton, N., mtu mmoja, siku nzima.
Nilimfungulia mlango wa mbele, akakaa nyuma,
mkoba magotini,
kama anayeogopa mita ya teksi.

Darajani nikaanza kama ninavyoanza kila siku:
tani za chuma, ndoo za rangi nyekundu,
na ule mzaha wangu kwamba Scotland ina misimu miwili,
mvua, na mvua iliyo njiani.
Nikachungulia kioo, nasubiri kicheko.
Alitoa tabasamu kama mtu anayetoa chenji.

St Monans nikamwonyesha kanisa
lililosogelea bahari hadi mawimbi yakawa waumini.
Pittenweem ukungu ulipanda kutoka majini bila hodi,
ukaingia vichochoroni,
ukameza vigae vyekundu kimoja kimoja,
ukabakiza madema ya kaa yamepangwa gatini
na mtu aliyekohoa ndani ya weupe.
"Pole kwa hali ya hewa," nikasema.
"Kwa nini pole?" akauliza.

Sikushtuka bado.
Nikaendelea na hadithi ninayoipenda,
ya wasichana wa heringi,
walivyosimama kwenye mapipa, kisu mkononi,
samaki sitini kwa dakika,
chumvi ikitafuta kila mchubuko,
vidole wamevifunga kwa pamba.

"Mfuko wa unga," sauti ikatoka nyuma.
"Samahani?"
"Si pamba. Mama alichana mifuko ya unga.
Uzi aliukaza kwa meno.
Na usiingie Anstruther, kata kulia,
nyumbani ni Cellardyke. Kuna mpaka."
Nikauliza mpaka uko wapi.
Akaonyesha kona, na kwenye kona palikuwa na kona tu.

Miaka kumi na minne naendesha barabara hii,
mimi mzaliwa wa Paisley, mtoto wa fundi mabomba.
Mgeni kuku mweupe, husemwa.
Siku ile manyoya yalikuwa yangu.

Mlango wa nyumba ulikuwa wa kijivu, rangi ya magazeti.
Ubao mdogo: Kiota cha Shakwe.
Kisanduku cha funguo, chenye tarakimu,
pale aliposema palining'inizwa makoti ya mvua ya baba yake.
Msichana wa usafi akatoka na mashuka kifuani,
Zuzanna, jina limeshonwa kwenye aproni.
"Wageni wanaingia saa kumi," akasema.
Kisha akamtazama vizuri mama yule,
miaka themanini na moja, kutoka Winnipeg,
akaweka mashuka juu ya ukuta.
"Dakika tano. Vueni viatu."

Mimi hakuniambia. Nikabaki na gari.
Nikahesabu vigae. Nikafuta kioo kilichokuwa safi.

Zilikuwa dakika kumi na tisa.
Alitoka ananuka sabuni ya limau.
"Wameweka bafu pale alipofia baba," akasema.
Nikatafuta neno.
"Bafu zuri sana," akaongeza. "Maji moto papo hapo."

Tukala samaki na chipsi kwenye benchi la bandari,
siki ikipenya karatasi.
Shakwe akashuka akanyakua kipande changu kikubwa,
na hapo ndipo Netta Smeaton akacheka,
kicheko cha kihuni, mdomo wazi,
ambacho mizaha yangu yote haikuwahi kukifikia.

Crail hatukufika. Alisema Crail ameiona kwenye kalenda.

Wakati wa kurudi alikaa mbele.
Kabla ya Kirkcaldy alikuwa amelala,
kichwa kikigonga mkanda polepole.
Nikazima redio. Daraja likapita
na tani zake zote, bila kusimuliwa.

Kesho nina wanne, wa kutoka Rotterdam.
Nikifika kwenye vidole
nitasema mfuko wa unga,
nitasema uzi waliukaza kwa meno,
wala sitasema nimeyapata wapi.