Daftari la Ludza

Kila asubuhi nafungua daftari la bluu,
napiga mstari katikati kwa rula:
wanawake kushoto, wanaume kulia.
Ni agizo la wizara, mimi nesi tu.
Nje theluji imepanda hadi kwenye vioo
na kiwanda cha mbao kimeshaanza kukoroma.

Kushoto hujaa kabla ya saa nne:
goti, mgongo, usingizi uliogoma,
dawa ya presha imekwisha,
na ya mama mkwe,
na ya jirani asiyeweza kushuka ngazi.
Wananiletea mkate mweusi wenye kisibiti,
wanakaa kwenye benchi, mikoba magotini,
wanaugua kwa niaba ya ukoo mzima.

Kulia ni uwanja mtupu.
Wanaume wa hapa hawaumwi.
Hukohoa, wakasema ni vumbi la misonobari.
Ilmars alikatwa vidole viwili na msumeno;
akavifunga kwa tambara la grisi,
akamaliza zamu kwanza.
Aliponifikia, aliniomba kiberiti.

Ukiwatafuta wanaume wetu, pita makaburini.
Hamsini na nne. Sitini na moja. Hamsini na nane.
Kando ya kila jina, jina la mke limeshachongwa,
mwaka wa kuzaliwa, kistari, halafu jiwe tupu.
Jumapili wajane huja na ndoo na brashi,
wanasugua kuvu kwenye majina yao wenyewe
huku wakiulizana bei ya kuni.

Wapo wasemao ni maumbile.
Wapo wasemao ni chupa.
Mimi namkumbuka mwanangu Oskars, miaka minne,
nyigu kamchoma kope,
na sauti yangu, yangu mwenyewe, ikisema:
Nyamaza. Wewe si mwanamume?
Akanyamaza.
Hadi leo akinipigia simu kutoka ughaibuni
husema hali ya hewa.

Mficha maradhi, kilio humfichua.
Hilo nilidhani nalijua.
Lakini Biruta hakuficha.

Biruta, mpishi wa shule, alikuja Novemba,
akakaa, akaeleza kila kitu:
uchovu, kichefuchefu, taya linauma,
"na hapa, kati ya mabega,
kama mtu anakanda unga."
Nikaandika, upande wa kushoto: uchovu.
Daktari Kalvans alimpa dakika tatu
na matone ya kutuliza wasiwasi.
"Ni umri, mama," alisema. "Ni umri na mawazo."

Wiki ileile Valdis wa kiwandani
alijishika kifua, kama picha ya ukutani kwetu.
Gari la Rezekne lilikuja na king'ora,
na watu wakapisha njia.
Valdis yu hai. Anavuta sigara nyuma ya ghala.

Biruta walimkuta kaegemea gunia la viazi.
Alikuwa amezima jiko kwanza.

Kumbe moyo nao una lafudhi.
Wa Valdis ulisema kama vitabu vilivyozoea kusikia.
Wa Biruta ulisema taya, ulisema mabega,
ulisema wazi, mchana,
mbele ya watu wawili wenye vyeti,
nasi tukaandika neno jingine.

Leo Ilmars ameingia, kofia mkononi,
mkono wenye vidole vitatu.
Eti mkewe analalamika anakoroma.
Nikamvisha mpira wa presha, nikapuliza:
mia na tisini kwa mia na kumi.
"Usimwambie," akasema.
"Nitamwambia," nikasema, na nikaandika, kulia,
jina la kwanza tangu Jumatatu.

Akafunga vifungo taratibu, mlangoni akageuka:
"Na wewe, nesi, anakupima nani?"

Nikacheka. Nikamwambia afunge mlango, baridi inaingia.

Tangu Alhamisi taya linaniuma.
Nimejiambia ni jino.