Kengele ya Mia na Tano

Kazi yangu ni kushusha magari melini.
Ufunguo mkononi, ngazi ya chuma, dakika tatu,
uwanja wa Kilindini, mstari mweupe, zima, toka.
Hamsini kwa siku, nikijaliwa.
Yananukia plastiki na usingizi wa bahari,
na hakuna hata moja ninaloliota.

Jioni narudi Tononoka kwa langu.

Langu lina milango miwili na macho ya kufumbua:
ukibonyeza, taa huchomoza kwenye boneti
kama kobe wawili waliosikia kelele.
Jicho la kushoto huchelewa.
Mwanasiti akiliona hucheka, "Bado lakukonyeza?"

Nililikuta kwa Jivanji, muuza vipuri wa Mwembe Tayari,
chini ya turubai, kuku kaatamia kiti cha nyuma.
Nililipa kidogo kidogo, miezi kumi na tisa.
Vifaranga alinipa bure.

Mji huu hewa yake ina meno.
Chumvi imekula mageti, imekula mabati ya msikiti,
itakiachaje chuma cha Mjapani?
Kila mwaka, Ramadhani haijaandama,
Dzombo hukata palipooza, huchomea, hupaka lami.
Asema sakafu sasa ni mzaliwa wa Mombasa,
Japani imebaki kuanzia magotini kwenda juu.

Haya ya siku hizi huvutwa kwa mbele
kama mbuzi wa Idi anayeburutwa kwa kamba.
Langu husukumwa kwa nyuma:
kiganja cha mama mgongoni mwa mtoto
asubuhi ya kwanza ya chuo.

Masika, kiplefti cha Makupa kikirowa,
nyuma hutaka kutangulia.
Hapo sikanyagi breki.
Nalegeza mguu, naelekeza usukani kule linakoangukia,
nalo hupiga nyonga moja ya chakacha, likajirudi.
Ni mambo ya wawili wanaojuana,
hakuna kompyuta ya kukaa kati yetu kama kungwi.

Redio yake haijahamia huku.
Namba zinakomea tisini;
ng'ambo ya hapo mji mzima waongea, nayo haisikii.
Huingia kituo kimoja tu, cha mawaidha, kwa mikwaruzo.
Basi nimekuwa mcha Mungu
kwa ajili ya redio mbovu.

Na kuna kengele.
Mshale ukigusa mia na tano, kitu ndani ya dashibodi
hulia: king, kong. King, kong.
Pole pole, bila hasira,
kama mtu abishaye hodi nyumba ya mkwewe.
Kule kwao, nasikia, ilikuwa lazima dereva akumbushwe.
Mafundi watatu wamejitolea kuukata ule waya.
Nimewanunulia chai, wakaenda zao.

Mwezi jana alikuja kijana wa Nairobi, Mutembei,
viatu vyeupe, simu mbili.
Alitaja bei ya kiwanja Mtwapa.
Mwanasiti akaacha kukuna nazi.
Nikasema, kijana, panda kwanza.

Saa nane ya usiku, daraja la Nyali tupu.
Gia ya tatu ikiguna, ya nne ikinyooka,
yeye akirekodi, mkono nje ya dirisha.
Kengele ikaanza.
Nilimtazama. Angecheka,
ningepata njia rahisi ya kumkatalia.

Aliiweka simu mapajani, kifudifudi.
Akafumba macho.
Tulifika Kongowea hatujasema neno,
tukageuza, tukarudi kwa mwendo wa maharusi.

Sasa kila Ijumaa baada ya swala hunipigia.
Bei haitaji tena. Mwanasiti hutega sikio jikoni,
kiwanja chake cha Mtwapa kikizidi kuota nyasi.

Kesho meli nyingine inafunga gati.
Magari mia nane, meupe mengi, na sheria ni ile ile:
lililozidi miaka minane halishuki.
La aina ya langu halimo, wala halitakuwamo.
Dakika tatu, zima, toka.

"Bado yalia?" huuliza Mutembei.
Yalia, namwambia.
"Haya," asema, na hakati simu.