Daftari la Sanda

Nimelikuta mvunguni, kwenye sanduku la bati,
jalada limeliwa na mende.
Ukurasa wa kwanza hauna neno chama.
Umeandikwa kwa penseli: SANDA.
Chini yake majina, na kila jina lina namba,
maana walishushwa kwenye treni na namba shingoni,
kutoka Kigoma hadi kwenye mkonge wa Tanga,
wakaitwa manamba mpaka majina ya nyumbani
yakasahau njia.

Bihemo, senti hamsini.
Ntahondi, senti hamsini.
Mbena wa kambi ya tatu, atalipa wiki ijayo.
Hakulipa. Wiki ijayo jina lake liko nyuma ya daftari,
upande wa waliozikwa.

Walianza hivyo, babu na wenzake:
hawakudai kitu,
walikataa tu mwenzao azikwe ndani ya gunia.

Ukurasa wa tisa, SANDA imekatwa kwa mstari mmoja,
juu yake, kwa wino, CHAMA.
Ukurasa wa kumi: *matita tisini ni mengi*.
Ukurasa wa kumi na moja una doa la uji
na "siku ya 1", na "siku ya 2",
mpaka siku ya ishirini na sita.
Korona imenyamaza, majani yanaoza shambani,
nyapara anagonga kengele alfajiri
na anayeitika ni mbwa wake.

Bibi anasema walikula mihogo ya Wabondei
kwa deni ambalo wengine hawajalilipa hadi leo.
Matita yaliposhuka kuwa sabini
babu hakushangilia.
Alilala siku mbili, akaamka, akauliza,
"Uji upo?"

Baada ya hapo mwandiko unapendeza. Kisha hakuna mwandiko,
ni karatasi zilizopigwa chapa.
Chama kilihamia mjini, Barabara ya Kumi na Mbili,
kikapata feni, na mlinzi,
na katibu aliyeteuliwa kutoka juu.
Nchi ni yetu sasa, walisema,
utamgomea nani? Utaligomea shati lako mwenyewe?
Babu akasimama: "Shati likinibana kwapa,
silifumui?"
Jibu hilo halimo kwenye kumbukumbu za kikao.

Makato yakawa yanakatwa kabla hujaiona hela.
Uanachama ukawa kama tohara: huulizwi.
Lakini nisikinyime haki yake.
Kilimpigania shangazi likizo yake ya uzazi,
akamnyonyesha Zahara akiwa amekaa, si amesimama.
Hilo nalo liandikwe.
Kisha bei ya mkonge ikaanguka,
korona ikauzwa chuma chakavu,
chama kikabaki na feni.

Mimi napakia saruji Pongwe.
Mwajiri wangu simjui. Kuna wakala,
na nyuma ya wakala kuna wakala.
Asubuhi anachagua vichwa getini:
wewe, wewe, wewe hapana.
Nina namba na mimi. Ya simu.

Mwezi wa Shaabani mkanda ulimla Sechonge vidole viwili.
Jioni ileile wakala akaifuta namba yake.
Usiku Mwanakombo akafungua kundi kwenye simu,
akaliita Vidole vya Sechonge.
Elfu mbili. Elfu mbili. Elfu moja mia tano,
nitamalizia kesho.
Tulifika arobaini na tatu.

Kulipokucha wakala akanyoosha kidole: wewe.
Aliyenyooshewa akaangalia viatu vyake.
Wewe.
Malori yakawa yananguruma bure.

Saa tano akaja bwana wa chama, na gari,
akatuuliza tumesajiliwa wapi.
Mwanakombo akamsogezea gunia tupu:
"Kaa, baba. Jina lako nani?
Ni elfu mbili."

Sijui alilipa. Nilikuwa naangalia mkoba wangu.
Daftari lina kurasa kumi na saba tupu.

Mwanakombo,
penseli unayo?