Mawe Mahali pa Minazi

Vitabu vilikuja kwa treni, maboksi kumi na manne,
na Bi Nyanzobe akafungua la kwanza kwa kisu cha samaki.
(Mchana alikuwa karani wa mizani, kiwandani Igogo;
usiku aliandika nyuma ya stakabadhi za sangara.)
Hadithi ilikuwa ya furu mdogo
aliyekataa kuhesabiwa.
Hiyo ilifika salama, neno kwa neno.
Lakini mchoraji, mtu wa Pwani,
ziwa hakuwahi kulitia machoni,
alikuwa amepanda minazi ufukweni.
Minazi! Kirumba!
Kumi na miwili, na kaa mmoja chini yake anacheka.

Aliketi juu ya boksi. Hakulia, nadhani.
Alisema tu, "Samaki wangu kahamishwa bila barua."

Mchapishaji alijibu kwa simu: Watoto hawajali, mama.

Watoto tulikuwa sisi.
Jumamosi alituita, saba, kutoka Mabatini,
akatugawia kalamu za wino na uji wa ulezi,
akatusimamisha mlangoni.
"Kile kilima. Mnaona nini?"
Mawe, tukasema. Mawe yamebebana.
"Basi, kila mnazi, jiwe."
Na kaa?
Akafikiri kidogo. "Kaa mwacheni. Kaa tunao."

Vitabu elfu mbili. Piga hesabu mwenyewe,
yeye alipiga, akafunga daftari haraka.
Tulichora hadi masika yakaisha,
vidole vyeusi hata kanisani.
Jiwe la Doto lilikuwa na macho;
Bi Nyanzobe alilitazama, akasema, "Liache lione."
Yangu yote yalitoka kama viazi.
Hakuna nakala mbili zilizofanana,
na hakuna iliyorudishwa.

Malipo yake yalitosha mabati sita.
Aliandika vingine vinane; vinne vikachapwa,
kimoja mchapishaji alikipoteza, akaomba radhi kwa kadi ya Krismasi,
vilivyobaki sijui.
Aliuza mwenyewe sokoni, kando ya dagaa,
na mteja akisema ghali, alimsomea ukurasa wa kwanza
halafu akanyamaza hapo hapo, akapanga vitabu vyake,
mpaka mtu atoe hela au aondoke na kiu.

Mwaka huu nilikwenda kukagua shule, Ukerewe.
Darasa la tatu, dawati la nyuma,
binti anasoma kitabu kisicho na jalada.
Kidole kikakwama.
"Mwalimu, jiwe hili mbona kiazi?"

Ningeweza kusema mengi. Nilikuwa na fomu za kujaza.
Nikamwambia, lielekeze dirishani.
Akauinua ukurasa juani, akakunja jicho moja,
na pale ndani ya wino, mwembamba, umeinama,
"Kuna mti!"

Ni mnazi, nikasema.
"Unafanya nini huku?"
Unasubiri barua ya uhamisho.